Mchezaji wa Benchi

Mimi sikuwepo, yalimkuta rafiki yangu, fundi redio. Alikuwa akitafsiri gemu la zamani la mpira la kompyuta, la Kijapani, kwa mapenzi yake tu. Ili aone kama maandishi yake yanatokea kwenye skrini, alimpa mchezaji mmoja wa benchi jina la utani la marehemu kaka yake, Kijiko, ambaye enzi zake za mpira aliishia benchi.

“Hata huko umemweka benchi?” mkewe akamtania.

“Basi namwingiza sasa hivi.” Akabonyeza kitufe cha kubadilisha mchezaji.

Umeme ukakatika. Giza totoro.

“Mume wangu, nani yuko nje?”

Kwenye saruji ya korido viatu vya njumu vilikuwa vinakuja, ko, ko, ko. Vikafika mlangoni. Hakuna aliyebisha hodi. Vikaanza kurukaruka papo hapo, kama vya mchezaji anayesubiri kuruhusiwa kuingia.