Kigari Kilipopita Alama

"Desanka, huyo mama mbona umemfanya mdogo kama punje?"

"Yuko mlangoni. Mlango ndio unaosema."

"Mlango haulii, Desanka! Anayelia ni mama!"

Obrad, mwongozaji wa filamu, alivuta kofia yake ya sufu hadi kwenye nyusi, akaondoka akisonya. Wafanyakazi wakajifanya wanakunja nyaya. Desanka alibaki juu ya kigari cha kamera, kwenye jukwaa la stesheni kuukuu nje ya mji wa Zrenjanin.

Zamani watu wa filamu kule Belgrade walisema uso ukifika mbele ya lenzi ya Desanka, hata yaliyofichwa moyoni yanaonekana. Hakupenda taa nyingi. Dirisha moja lilimtosha, na shavu moja aliliacha gizani. Lakini tangu mumewe Rastko afariki, nyuso zilitoweka kwenye picha zake. Ilibaki migongo, ukungu, na watu wadogo waliosimama mbali.

Simu yake ikatetemeka. Ujumbe wa Obrad:

"Leo nataka uso wa yule mama akimuaga mwanawe. Nikiukosa, kesho kamera anashika mtu mwingine. Nisamehe."

Alimpa Tihomir simu asome. Tihomir ndiye aliyemsukumia kigari kwenye reli zake ndogo, filamu baada ya filamu, mwanamume wa mikono mipana na sauti ya chini.

"Ana haki," alisema.

"Na wewe pia unaona hivyo?"

"Mimi nasukuma tu, bosi. Ila huku nyuma nakuona. Tukikaribia uso wa mtu, mabega yako yanapanda."

Desanka akachukua simu yake.

"Mwishoni nilikuwa namnyoa Rastko ndevu mwenyewe. Uso wake ulikuwa hapa." Akaweka kiganja mbele ya pua. "Huo ndio uso wa mwisho niliousogelea. Naogopa, Tiho. Nikiruhusu nyingine zije karibu, wa kwake utafutika."

Tihomir alichuchumaa kando ya reli.

"Alama yetu ya kusimama ni ile chaki pale. Leo nitaipita, polepole. Usipotaka, gonga ubao wa kigari kwa kisigino kama siku zote. Nitasimama papo hapo, wala sitakuuliza kwa nini."

"Na nikigonga mapema?"

"Tutafukuzwa wote wawili, twende tukale bureki, ule mkate wa jibini."

"Wewe hakuna anayekufukuza."

"Sasa nikibaki nitamsukuma nani?"

Kidogo Desanka acheke. Akainamia kamera.

Obrad aliita waanze. Kigari kikaanza kutembea. Mama alikuwa amemshika mwanawe ukosi wa koti, anamfunga kifungo ambacho tayari kilikuwa kimefungwa. Chaki ikapita chini ya magurudumu. Desanka akainua kisigino.

Kisigino kikabaki hewani.

Uso wa yule mama ulizidi kukua: mdomo unaotetemeka, baka dogo karibu na jicho, shavu moja kwenye mwanga wa kijivu wa asubuhi. Haukuwa uso wa Rastko. Ulikuwa wa yule mama mwenyewe. Na wa Rastko? Desanka aliutafuta moyoni kwa hofu, akaukuta palepale ulipokuwa, haujasogea hata kidogo.

Akakishusha kisigino taratibu, bila sauti.

"Kata!" Obrad alipaza sauti. Alikuja kofia mkononi, akambusu Desanka kwenye paji la uso, akaondoka.

"Bosi, nimepita sana?"

"Hapana. Sogea hapa nikuone." Akamtazama kwa karibu. "Una kovu kidevuni."

"La utotoni hilo."

"Sikuwahi kuliona."

"Nakaa nyuma yako, ungelionaje?"

"Tiho, unanipenda?"

"Unauliza au unanishtaki?"

"Nauliza."

"Nakupenda. Lakini ulikuwa na msiba. Ningeanzia wapi?"

Desanka akashuka kwenye kigari.

"Jumamosi Rastko anatimiza mwaka tangu afariki. Nakwenda makaburini na mama mkwe. Njoo, utubebee divai."

"Mbele ya mama yake?"

"Mbele ya mama yake. Sitaki kukuficha."

Jumamosi Mama Persa, mama yake Rastko, kajitanda kitambaa cheusi, alipangusa jiwe la kaburi, akawasha mshumaa, akamwaga divai kidogo juu ya kaburi, kama desturi yao. Kisha akamtazama Tihomir kuanzia viatu hadi utosini.

"Wewe ndiye unayemsukuma huyu?"

"Ndiyo, mama."

"Mzito?"

"Amekonda mno, mama."

"Hata mimi nimemwambia, hasikii." Akachota kwa kijiko ngano tamu iliyochemshwa ya kumkumbuka marehemu kutoka kwenye bakuli. "Kula. Mkumbuke mwanangu."

Tihomir alikula, macho chini. Mama Persa akakijaza tena kijiko, akakitazama kwa muda. Kisha akamkabidhi.

"Mlishe na yeye. Labda wewe atakusikia."

Desanka alifungua mdomo, akala huku machozi yakimtiririka.

"Mpe na kingine," Mama Persa akasema.