Uso Uliogeuka Kwenye Nishani

Magharibi ile nilikuwa nampelekea mume wangu ugali na mlenda kwenye karakana yake, kule Itetemia. Mfaume akishika tindo husahau kama ana tumbo. Nami nikipikia mtu chakula kikapoa, mtaa mzima hunisikia.

Mfaume ni fundi wa kuchonga, na namsifu bila haya. Vinyago alifundishwa na mjomba wake wa Igalula. Kuchora juu ya madini alifundishwa na mzee Rasiklal, sonara wa mjini. Tangu Uhuru, nishani gani ya michezo hapa Tabora haikupita mikononi mwake? Kwa hiyo mwaka ule wa kuhamishia watu vijijini, zilipotakiwa nishani za wakulima bora wa kijiji kipya karibu na Kigwa, aliitwa yeye.

Alitaka uso wa mkulima. Akaupata kwenye mahame, penye nyumba za watu waliopakiwa kwenye malori. Kilikuwa kinyago cha bibi mmoja, kimeachwa kwenye kijibanda cha mizimu. Akakibeba.

"Umemwambia unampeleka wapi?" nilimuuliza. Kwa kina mjomba wake mzimu hauhamishwi kimyakimya. Unamwagiwa maji ya unga, unaelezwa njia.

"Mwanne, mimi fundi wa mjini bwana," akacheka.

Hata wenye kinyago waliondoka hivyohivyo, wanaharakishwa. Hakuna aliyemuaga bibi yao.

Uso ule akauchonga ndani ya chuma kinyumenyume, kama ilivyo kazi ya chapa: palipo pua anachimba shimo, ili chapa ikigongwa pua itokeze. Alimchonga akitazama kando.

Magharibi ile nilipofika karakana palikuwa kimya. Hakuna nyundo. Hakuna kikohozi. Palinuka chuma, na kitu kingine... unga wa mtama uliolowa. Mfaume alikuwa ameketi chini, anapapasa sakafu.

"Mwanne... hebu ziangalie," akanong'ona. "Mimi sizioni vizuri."

Nishani zilipangwa mezani kwa jinsi alivyozigonga, zote kwa chapa ileile. Kwenye ya kwanza bibi alitazama kando. Kwenye iliyofuata shavu la pili lilianza kuonekana. Nikasogea. Nyingine, likaonekana jicho la pili. Ya mwisho...

Alikuwa ananitazama mimi.

"Kila nikigonga moja," Mfaume akasema, "macho yangu yanapungua."

Nikamshika mkono tutoke. Mlangoni palikuwa na mtu. Mwanamke mfupi, uso uleule wa nishani, kaniki begani, miguu mitupu imejaa vumbi.

"Shikamoo bibi," ulimi wangu ukasema wenyewe.

Akakanyaga kizingiti.

"Watu wangu wamepelekwa wapi?"

Bakuli la mlenda likaniponyoka. "Wengine Kigwa, bibi. Wengine... hatujui. Malori yalikuwa mengi."

Akamgeukia Mfaume, taratibu.

"Basi huyu atanikusanyia."

Nikapepesa macho. Mlango ulikuwa mtupu.

Asubuhi Mfaume aliamka anaona. Nikapiga vigelegele mpaka majirani wakaja. Zile nishani tuliziyeyusha, na kinyago tukakirudisha kwenye mahame. Nikadhani yamekwisha.

Lakini Mfaume hakugusa chuma tena. Alichonga mti tu, nyuso tu, za watu ambao hajapata kuwaona. Ukimuuliza ni nani, anasema hajui.

Siku moja akaja mama mmoja wa Kigwa, Ng'washi, kununua kigoda. Alipokiona kinyago kimojawapo akaketi chini.

"Huyu mume wangu, Shilinde. Mmemjulia wapi?"

"Nyumbani kwenu ni wapi, mama?" nikamuuliza.

Akataja mahame yaleyale. "Tumetolewa huko na malori. Shilinde nimemwacha shambani anapalilia, mzima kabisa."

Aliporudi Kigwa alimkuta Shilinde amelala kati ya matuta, amekufa. Hana jeraha. Uso wake umeelekea kule walikotolewa.

Wengine wamefuata. Kinyago kikikamilika Itetemia, Kigwa wanachimba kaburi. Nampenda mume wangu, na siku hizi namwogopa.

Jana alipokwenda kuswali nilizichukua tindo na patasi zake zote, nikazifukia nyuma ya nyumba.

Leo adhuhuri, jua limejaa uani, nimemkuta anapapasa ukuta.

"Mwanne, mbona mmefunga madirisha?"

Madirisha yako wazi.

Kwenye meza yake kuna kinyago cha mtoto wa kubebwa mgongoni. Kimebaki kuchongwa macho tu. Mfaume ananiita, analia, anasema giza linamuumiza. Nimesimama nyuma ya nyumba, pale nilipozifukia tindo, na jembe mkononi, na tayari nimepiga pigo la kwanza.