Kura za Kompyuta Namba Saba

Kila asubuhi, kabla hata ya kunawa uso, nilikuwa nikilitikisa kopo la sukari. Likiwa jepesi kuliko jana, nilijua kaka yangu ameamka kabla yangu. Kisha nilihesabu kalamu zangu, nikakagua zipu ya mkoba, ndipo nikaenda kuoga. Mama alikuwa akicheka na kuniita Inspekta, na jina hilo likanifuata hadi shuleni.

"Mwanangu," aliniambia siku moja, "utafika mahali ukishuku hata kivuli chako."

Sikuona ubaya wowote. Nilijiona mtoto makini, na wengine wote wazembe.

Wakati huo nilikuwa darasa la saba, mwanachama wa chama cha kompyuta. Tulikuwa kumi na wawili, kila mmoja na kompyuta yake. Muhula ule mwalimu mkuu alitupa kazi ya kweli: tuitengenezee shule tovuti, ili wazazi wasome matangazo na ratiba bila kuja kupanga foleni ofisini.

Mwalimu wa kompyuta alitukusanya, akapangusa miwani yake kwa ncha ya tai kama kawaida yake.

"Fundi wa tovuti haanzi na kurasa tupu siku hizi," alisema. "Huchukua kiunzi. Ni kama kupewa nyumba ambayo nguzo zimekwisha simama na paa lipo. Wewe unajenga kuta na kuweka milango unapotaka. Hapa tunavyo viunzi vitatu: Mchwa, Msonge na Kipanga. Tutumie kipi?"

Kelele zilizozuka hapo, ungedhani tunagombea mpira. Mchwa kilikuwa kikongwe, kila mtu alikijua. Msonge kilikuwa chepesi. Kipanga kilikuwa kipya, na wapenzi wake walikisifu kwa kutia chumvi nyingi. Mimi nilikuwa Mchwa damu. Mjomba wangu alinifundisha kiunzi hicho kwa miaka miwili, na nilijua kikichaguliwa, mimi ndiye nitakayeongoza kazi.

"Basi, basi!" mwalimu alipiga makofi. "Viunzi hupanda na kushuka kama mitindo ya nguo. Mafundi hutazama kipi kinatumiwa na wengi, maana penye wengi ndipo utapata wa kukusaidia ukikwama. Nasi tupime. Seva yetu pale pembeni ndiyo inayohifadhi viunzi vyote. Mtu akipakua nakala, inaandika ni kiunzi gani, kompyuta namba ngapi na saa ngapi. Tutahesabu nakala kwa wiki nne."

Lazima niwaeleze desturi moja ya kompyuta zetu. Fundi wa shule alikuwa amezitegesha ili zikizimwa zisahau kila kitu, kwa kuogopa virusi. Kwa hiyo kila ulipowasha ulipakua kiunzi chako upya, na kazi yako uliihifadhi kwenye flashi. Sote tulizoea hivyo, tukaona ni jambo la kawaida kama kupiga mswaki.

Mimi nilipewa kazi ya kutunza chati ukutani. Wiki ya kwanza Mchwa kilipata nakala thelathini na moja, Msonge ishirini na mbili, Kipanga kumi na nne. Wiki ya pili mambo yakawa karibu yale yale. Nilichora mstari wa Mchwa kwa wino wa bluu, taratibu, nikiufurahia.

Wiki ya tatu niliisoma seva mara tatu nikidhani macho yangu yana kasoro. Mchwa, thelathini na tatu. Msonge, kumi na nane. Kipanga, mia moja arobaini na sita!

Nilipekua orodha mstari kwa mstari. Kati ya nakala hizo, mia moja na ishirini na moja zilitoka kwenye kompyuta moja tu, namba saba.

Namba saba ilikuwa ya msichana tuliyemwita Kimya. Alihamia shuleni kwetu muhula ule, na alikuwa haongei ila akiulizwa. Kaka yake alikuwa fundi wa tovuti, na kiunzi alichotumia kazini ni Kipanga. Nilihisi kila kitu kimejipanga chenyewe. Kikulacho ki nguoni mwako, nilijiambia.

Nilimngoja mlangoni.

"Wewe unapakua sana Kipanga, siyo?" nilimwambia, nikimkazia macho.

Aliinamisha kichwa. "Nalazimika," alisema, akapita.

Nalazimika! Nani anamlazimisha kama si kaka yake? Tangu hapo sikumwacha. Nikimwona anacheka na mtu, nilijiuliza wanapanga nini. Akinyamaza, nilijiuliza anaficha nini. Saa ya chakula cha mchana niliacha sahani yangu nusu, nikaenda kuchungulia dirishani. Kimya alikuwa peke yake ndani. Alitazama mlango, akainama, akapeleka mkono chini ya meza. Skrini yake iliyokuwa nyeusi ikawaka, naye akapakua Kipanga. Baada ya dakika chache skrini ikawa nyeusi tena, mkono ukaenda chini ya meza tena, akapakua tena.

Nilimwona kwa macho yangu mawili. Anazima na kuwasha, anazima na kuwasha, ili kujaza kura!

Mwalimu alikuwa ameitwa kwenye semina ya siku tatu. Nilimwendea mwenyekiti wa chama, mvulana mnene mwenye sauti kubwa, nikamweleza yote.

"Una hakika, Inspekta?" aliniuliza.

"Dalili ya mvua ni mawingu."

"Basi tungoje mwalimu arudi."

"Tungoje azidi kuiba?"

Sikungoja. Nilichukua kalamu nyekundu, nikauzungushia duara mstari wa Kipanga uliopanda ghafla, na kando yake nikaandika: MWIZI WA KURA YUKO NAMBA SABA.

Jioni ile Kimya aliingia wa mwisho. Wenzetu kumi walikuwa wamekwisha isoma chati. Aliyatazama maandishi, akatutazama sisi. Alichukua flashi yake, akatoka. Kesho yake asubuhi tulikuta barua yake mezani kwa mwalimu: anajitoa kwenye chama.

"Unaona?" nilimwambia mwenyekiti. "Asiye na hatia hakimbii."

Lakini mwalimu alikuwa anarudi siku iliyofuata, nami nilitaka ushahidi usio na tundu. Saa ya mchana nilikwenda kukaa kwenye namba saba mwenyewe. Nikaiwasha, nikapakua Kipanga nione kaka mtu amemtengenezea ujanja gani. Sikuwa nimemaliza kusoma ukurasa wa kwanza, skrini ikazimika.

Nilidhani nimebonyeza vibaya. Niliinama, nikapapasa chini ya meza, nikakuta waya wa umeme umelegea kwenye tundu lake. Nikausukuma, kompyuta ikawaka. Ilikuwa imesahau kila kitu, basi nikapakua tena. Ikazimika tena. Nikausukuma tena, nikapakua tena. Kila nilipogusa kibodi kwa nguvu kidogo, meza ilitikisika na waya ukateleza.

Baada ya nusu saa niliinuka na kwenda kwenye seva. Ilikuwa imeandikwa wazi: Kipanga, kompyuta namba saba, leo mara tisa. Tisa hizo zote zilikuwa zangu mimi, na sikuwa nimeiba hata kura moja.

Nilikaa sakafuni. Mwiba wa kujichoma hauambiwi pole. Kisha nikakumbuka daftari la hitilafu, lile linaloning'inia kwa kamba nyuma ya mlango ili fundi alisome. Mimi niliyekagua kila kitu duniani sikuwahi kulifungua, maana nilijua fundi yuko likizo. Nikalifungua. Mwandiko ulikuwa mdogo na safi, siku baada ya siku. "Kompyuta namba saba inajizima yenyewe. Naomba msaada." "Namba saba bado." Na siku niliyomchungulia dirishani: "Leo imejizima mara ishirini na sita. Kazi yangu imepotea tena."

Sitaki kuwadanganya. Wazo la kwanza lililonijia halikuwa zuri. Hakuna aliyeniona. Ningeweza kuibandua chati, nikaweka nyingine safi, na nikamwambia mwalimu kwamba ilichanika. Nilishika hata ncha ya karatasi. Lakini niliyakumbuka macho ya Kimya jioni ile, nikaona aibu mpaka masikio yakapata moto. Nikaiacha chati ilivyo.

Baada ya masomo nilikwenda nyumbani kwao. Mama yake alikuwa fundi cherehani, amekaa barazani na kitambaa cha sare magotini.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba." Alinitazama kutoka juu hadi chini. "Wewe ndiye mwenye kalamu nyekundu?"

"Ndiyo mimi, mama. Nimekuja kuomba radhi."

Alimwita binti yake. Kimya alitoka, akasimama nyuma ya kiti cha mama yake. Niliwaeleza yote: waya, mara tisa, daftari.

"Kwa nini hukuniambia kwamba inajizima?" nilimwuliza Kimya mwishoni.

"Hukuniuliza," alijibu.

"Nilikuuliza! Pale mlangoni."

"Pale hukuuliza. Ulikuwa umekwisha jijibu."

Mama yake aliukata uzi kwa meno.

"Binti, mwanangu ulimwita mwizi mbele ya watu wangapi?"

"Kumi, mama. Na mimi wa kumi na moja."

"Na radhi umekuja kumwomba hapa, barazani, mbele yangu peke yangu." Alitikisa kichwa. "Nguo umeichana hadharani, unataka kuishona uvunguni. Nimekusikia, lakini hiyo ni nusu ya kazi. Nenda kaimalizie pale pale ulipoichania."

Usiku ule sikupata usingizi mzuri. Kesho yake jioni mwalimu alikuwa amerudi, na alikuwa amesimama mbele ya chati mikono nyuma, amenuna. Kimya alikuja kwa sababu mama yake alimtuma, akakaa karibu na mlango. Nikasimama.

"Maneno yale mekundu niliyaandika mimi," nilisema. "Ni ya uongo. Kimya hakuiba chochote."

Niliwasimulia kila kitu, hata lile wazo la kuibandua chati. Mwenyekiti alijikuna kichwa. "Nami nilisema tungoje, kisha nikayasambaza," alisema. "Nisamehe, dada." Mwalimu aliliomba daftari la hitilafu, akalisoma kimya, ukurasa hadi ukurasa. Alipomaliza alivua miwani.

"Kosa la kwanza ni langu," alisema. "Nilitaka kujua watu wangapi wanatumia kiunzi gani, nikawaambia mhesabu nakala. Mtu mmoja mwenye kompyuta mbovu anaweza kupakua mara mia, na bado ni mtu mmoja. Haya, nyosheni mikono."

Tulinyosha. Mchwa, watu watano. Kipanga, wanne. Msonge, watatu.

"Kumbe tulikuwa karibu hivi," mwenyekiti alinong'ona.

"Mwalimu," Kimya alisema, nasi tukageuka kwa mshangao. "Basi mimi nitajifunza Mchwa. Ila namba saba sirudi!"

Watu waliangua kicheko, na hata yeye alitabasamu kidogo. Mwalimu alirarua barua ya Kimya ya kujitoa, akatugeukia.

"Seva ilituambia nakala mia moja na ishirini na moja zimepakuliwa," alisema. "Ilisema kweli. Lakini neno 'mwizi' halikuwamo kwenye seva. Tuliliongeza sisi, na aliyeliongeza alikuwa na kiunzi chake alichotaka kishinde." Alinitazama, nami nikainamisha kichwa. "Kushuku si dhambi, wanangu. Ukiona jambo halieleweki, lishuku, lichunguze. Lakini mtu wa kwanza kumwuliza ni yule unayemshuku, na ukishamwuliza, nyamaza umsikilize. Na ukikosea, ungama mwenyewe kabla hujakamatwa, kama alivyofanya mwenzenu leo. Jina la mtu ni rahisi kulichafua kuliko kulisafisha."

Kisha alinipa karatasi mpya nichore chati upya, akamwomba Kimya anisaidie. Tuliketi meza moja. Yeye alinisomea namba, mimi nikachora. Kila nilipoandika namba moja, aliivuta karatasi upande wake, akaitazama vizuri, akailinganisha na iliyo mkononi mwake, ndipo akaendelea na nyingine. Alifanya hivyo kwa zote, kuanzia ya kwanza hadi ya mwisho. Iliniuma, lakini sikumlaumu.