Nilimtambua Muuaji kwa Nguo Niliyoipiga Pasi Mwenyewe

Kitu cha kwanza nilichokiona ni kiraka.

Sio damu. Sio nondo. Kiraka kidogo cha kijani chini ya kola ya sare ya mlinzi. Nilikijua kwa sababu nilikishona mimi.

Ndipo nikaona kwamba aliyevaa ile sare amemkalia shangazi yangu kifuani... na nondo inapanda na kushuka.

Mashuka ya wateja yalikuwa yametundikwa pande zote. Yalikuwa meupe. Hayakuwa meupe tena.

Wasomaji wangu, nisomeni taratibu. Mimi si msomi, shule niliiachia darasa la tano, na mbele za watu sauti yangu haitoki. Lakini kuandika naweza.

Shangazi ni dada wa baba yangu. Alinichukua nikiwa mdogo akanilea pamoja na mwanawe wa pekee, ambaye mimi namwita Kaka. Uani kwake alikuwa na kazi ya udobi. Wenzangu walifua, mimi peke yangu nilikuwa mpiga pasi, nimejifungia chumba cha nyuma na mvuke wangu.

Wateja wetu wakubwa walikuwa walinzi wa kampuni iliyo ng'ambo ya barabara. Sura zao sikuzijua. Mimi mtu simtazami usoni, namtazama kola. Nguo zao ndizo nilizozijua: huyu anatoka jasho kwapani, yule anakula pamoja na shati lake.

Mfuaji mmoja, msichana mwenzangu tuliyemwita Redio, maana mdomo wake haukuwa na swichi ya kuzima, alikuwa akinitania, "Wewe utaolewa na shati, mwenye shati utamjua siku ya talaka."

Mchana ule wenzangu walikuwa wametoka kwenda kula. Nilisikia kishindo, nikafungua mlango na pasi iko mkononi.

Mtu yule alikuwa amevuta kofia hadi kwenye nyusi na kujifunga kitambaa mdomoni. Sikupiga kelele. Hata siku ile sauti haikutoka.

Nilimwendea kwa nyuma nikamkandamiza pasi begani, chini kidogo ya shingo. Moto wote. Kitambaa kiliyeyuka, kisha nyama ikalia kama mafuta kwenye kikaango.

Alinguruma. Akageuka, akanipiga ngumi ya tumbo, nikaenda chini. Nondo ilipita karibu na sikio langu ikavunja beseni. Nilijiburuta hadi chumba cha pasi nikafunga komeo, naye akawa anaupiga mlango mpaka mbao zikaanza kuchanika...

Wenzangu walirudi wakicheka, nikasikia vicheko, kisha miguu yake ikikimbia.

Shangazi hakufika hospitali.

Polisi waliponiuliza nilimwona nani, niliwaambia habari ya kiraka na ya pasi. Mwenye sare alipatikana siku hiyohiyo. Alikuwa mlinzi wa lango kuu. Akaulizwa sare yake ya pili, ile yenye kiraka, iko wapi, akajibu iko kwa dobi. Wakaja kwetu kutafuta, haipo. Basi, akafungwa pingu.

Mimi nikasema afadhali. Haki ya shangazi itapatikana.

Lakini mlinzi alikuwa na wadogo zake, vijana wakorofi. Walijua kuna msichana mmoja wa udobini aliyetoa maelezo, hawakujua ni nani. Wakakisia. Walimkamata Redio njiani wakampiga kwa mkanda wenye chuma, wakamvunja taya. Aliletwa akiwa hana meno ya mbele, anataka kusema na maneno hayatoki, yanatoka mapovu ya damu.

Kile kipigo kilikuwa changu, jamani.

Kaka ndiye aliyesimama nami. Alinihamishia kwa rafiki yake, akawa ananipeleka na kunirudisha. Ndiye aliyemwambia mwendesha mashtaka kwamba nifichwe kabisa. Ndiye pia aliyeshauri habari ya pasi ifutwe kwenye maelezo utakayopewa upande wa pili, kwa sababu mpiga pasi ni mmoja tu, wangenijua mara moja.

Mwendesha mashtaka akaona ni sawa. Pale penye pasi pakapakwa wino mweusi.

Siku ya kesi nilikaa nyuma ya pazia. Mwendesha mashtaka aliomba nisionekane na mtu yeyote, hata wakili wa mshtakiwa, na sauti yangu ipitishwe kwenye mashine ibadilike. Alieleza yaliyompata Redio. Alisema shahidi ana haki ya kuishi, na hakuna haki iliyo juu ya hiyo.

Wakili wa mlinzi, mama mmoja mnene mwenye sauti ya chini, hakubisha kwamba niko hatarini. Alisema tu kwamba mteja wake anaweza kufungwa maisha na sauti isiyo na mwenyewe, kwa karatasi iliyopakwa wino. Aliuliza, mtu atajiteteaje kwa jambo asiloruhusiwa kulisoma?

Moyoni nilimwita kila jina baya. Muuaji naye ana haki? Shangazi alipewa haki gani?

Jaji aliandika kitu kwenye daftari lake. Kisha akasema polepole, kama anayetaka hata mimi wa darasa la tano nielewe:

"Uhai wa shahidi siwezi kuuchezea. Na utetezi wa huyu bwana siwezi kuuchezea. Nikimpa mmoja yote anayoomba, mwingine namwacha mikono mitupu. Kwa hiyo kila mmoja atapata kile asichoweza kuishi bila hicho."

Akaamuru pazia libaki, lakini upande wa watazamaji tu. Jina langu lisitajwe. Mshtakiwa na wakili wake wanione, waisikie sauti yangu yenyewe, na wapewe maelezo yangu yote, bila wino.

Na kama kuna mtu wa mshtakiwa atakayenigusa, ajue mlango wa jela uko wazi.

Kabla ya kuanza kuulizwa, Kaka alininong'oneza kwenye korido, "Wakikuuliza habari ya pasi, sema hukumbuki. Nakuomba, mdogo wangu. Nisije nikakuzika na wewe."

Nikaitikia kwa kichwa.

Niliposimama kizimbani, kwa mara ya kwanza nilimtazama mlinzi usoni, maana alikuwa mbele yangu na hapakuwa na pa kukwepea. Nilitegemea chuki. Alikuwa ameinama mbele, mkono sikioni, anajitahidi kunisikia. Mtu anayetaka tu kujua anashtakiwa nini.

Wakili akaniuliza kama niliuona uso wa muuaji.

Nikasema hapana. Niliona kiraka.

"Na asubuhi ya siku hiyo, hiyo sare yenye kiraka ilikuwa wapi?"

Hakuna aliyewahi kuniuliza hivyo. 

"Ilikuwa kwetu," nikasema. "Niliipiga pasi mimi, nikaitundika."

Watu wakaguna. Akaniuliza nani aliichukua. Nikasema sijui, mimi sitoki chumba cha nyuma, anayewapa wateja nguo ni shangazi.

"Hapa umeandika ulimfanya kitu yule mtu. Ulimfanya nini?"

Nilimkumbuka Kaka. Nikamtazama tena mlinzi, bado kashika sikio lake.

"Nilimchoma na pasi. Hapa, chini ya shingo. Nyama ilibaki kwenye chuma."

Jaji alivua miwani. Akamwambia mlinzi avue shati.

Akafungua vifungo, akalishusha shati mpaka kwenye pingu na kugeuka. Mgongo ulikuwa mzima kama shuka jipya.

 Yaani miezi yote hii polisi walitosheka na kiraka, hakuna aliyemtazama mgongo...

Nyuma ya pazia benchi likalia. Nikasikia askari wa mlangoni akimwambia mtu arudi akae, jaji hajaruhusu kutoka. Nikasikia kofi, kisha nguo ikichanika, kisha mwanamke akipiga yowe.

Na pazia lote likaniangukia.

Mtu alikuwa juu yake. Alinizungushia lile pazia shingoni na kulikaza, goti lake kifuani mwangu. Kupitia kile kitambaa nikasikia sauti niliyokua nayo nyumba moja.

"Ningekumaliza siku ileile. Nilikwambia useme hukumbuki!"

Dunia ilianza kuwa nyeusi. Kilichonitoa pale ni minyororo. Mlinzi aliruka kizimba, akampitishia pingu zake shingoni na kumvuta nyuma, na wote wawili wakaanguka juu ya meza ya karani. Askari walimpiga Kaka virungu mpaka akaachia. Mdomo ulikuwa umepasuka, shati limebaki vipande.

Chini ya shingo yake, begani, palikuwa na kovu lenye ncha ya pasi. Hata matundu ya mvuke ungeweza kuyaona.

Ilikuja kujulikana kwamba Kaka alitaka ule ua wa udobi uuzwe, shangazi akakataa. Ni hilo tu. Sare aliitoa kwenye kamba yetu, akaenda kuichoma moto baadaye. Na mimi, kwa lile pazia nililolililia, nilikuwa nimemficha yeye.

Mlinzi aliachiwa. Alipopita mbele yangu niliinamisha kichwa. Yeye akasema, "Dada, basi nguo zangu sasa nitafua mwenyewe," akacheka kidogo huku analia.

Wadogo zake walifungwa kwa ajili ya taya la Redio. Hawakuachiwa eti kwa kuwa kaka yao hana hatia, na mimi naona ni sawa.

Kesi ya Kaka ilipofika, wakili wake alidai mteja wake anione. Nikaulizwa kama nataka pazia. Nikasema liondolewe. Aulize, anitazame, ajitetee mpaka achoke. Ile haki niliyoitukana ndiyo iliyomwokoa asiye na kosa, sasa nitaanzaje kumnyima mwenye kosa? Ukimkatia haki unayemchukia, ujue na wewe umekatiwa.

Alihukumiwa.

Kuna jambo moja sikuwaambia polisi, wala jaji, wala Redio. Nilibaki nalo kwa sababu nililiona ni langu.

Wakati ile nondo inashuka, shangazi alisema neno moja. "Mwanangu." Akalirudia, kwa sauti ndogo.

Hakuwahi kuniita hivyo. Mimi alikuwa akiniita msichana. Usiku wote ule na mingine iliyofuata nililala na lile neno, nikijiambia kwamba mwishoni kabisa aliniona pale mlangoni, akaniita mtoto wake.

Hakuwa akiniita mimi.