Shazia Haishoni Kitenge

Katika soko la nafaka pale Sumbawanga, ukitaka gunia lako la maharage lifike mbali bila kumwagika, utaambiwa, "Mtafute Rozina." Rozina anashona midomo ya magunia. Kazi yake anaifanya kwa shazia, ile sindano ndefu na nene. Anavuta uzi wa nailoni, anapiga mishono saba au nane mirefu, anafunga masikio mawili, basi. Wapakiaji wanalirusha gunia juu ya lori na haidondoki hata punje.

"Huyu mama mpeni mdomo wa mamba," wapakiaji husema. "Ataushona na mamba atasema asante."

Rozina hucheka. Lakini moyoni aliamini kwamba anayejua kushona gunia anajua kushona kila kitu.

Mama yake, marehemu Cornelia, aliacha kitenge kimoja cha maana. Kilikuwa cha bluu, chenye picha za ndege aina ya kanga. Rozina ndiye mtoto mkubwa, kwa hiyo wazee walimpa yeye. Mdogo wake, Kristiana, aliyeolewa Mwazye, hakusema neno siku ile. Alisema baadaye, kwenye simu.

"Dada, mimi sina hata uzi mmoja wa mama."

Maneno hayo yalimkaa Rozina kama mwiba kwenye kisigino. Kila akikanyaga, yanachoma.

Sasa Kristiana alikuwa amejifungua mtoto wa kike. Angebatizwa jina la bibi yake, Cornelia. Rozina akatoa kile kitenge sandukuni. Katikati kilikuwa kimechakaa sana, lakini pande mbili za mwisho zilikuwa nzima. Akakata upande mmoja. Akaamua kushona mfuko wa kubebea nguo za mtoto, ili mdogo wake naye awe na kitu cha mama.

Aliushona jioni moja tu. Alikunja kitambaa, akapitisha shazia pembeni kabisa, mishono mirefu, uzi wa nailoni. Kama gunia. Jumamosi akautia kilo nne za unga wa ulezi kwa ajili ya uji wa mzazi, sabuni, na nguo za mtoto. Akaenda stendi kupanda gari la Mwazye.

Hakufika kwenye gari. Alisikia *trrr* tu. Mfuko ulifumuka upande mzima. Unga wote ukamwagika matopeni.

"Mama!" kondakta mmoja akaita. "Unapanda ulezi hapa stendi?"

Watu wakacheka. Rozina aliokota sabuni na nguo, akarudi nyumbani Kizwite akiwa ameinamisha kichwa. Akampigia simu mdogo wake.

"Gari limeharibika," akasema.

"Sawa dada," Kristiana akajibu. Sauti yake ilikuwa ndogo. "Ubatizo ni Jumapili ya wiki ijayo. Kama utapata nafasi."

Jioni ile mume wake, Eustaki, alimkuta amekaa kwenye kigoda. Kitenge kilichobaki kiko magotini, shazia iko mkononi.

"Usikiguse hicho," Eustaki akasema.

"Kwa nini?"

"Kwa sababu ni cha mwisho. Nenda kwa Mama Jasmin."

"Nikamwambie nini? Kwamba Rozina wa magunia hajui kushona mfuko?"

"Mwambie hivyo hivyo. Mimi ni fundi baiskeli. Redio yetu ilipokufa, niliifungua kwa spana?"

"Uliifungua kwa spana, Eustaki."

"Ehee! Na ikawaje?"

Rozina akacheka bila kupenda. Redio ile mpaka leo ni nyumba ya mende.

Jumatatu alikwenda kwa Mama Jasmin. Jina lake hasa ni Sauda. Ni fundi cherehani wa siku nyingi, ana kibaraza chake karibu na duka la shemeji yake.

"Shikamoo Mama Jasmin."

"Marahaba mwanangu. Karibu, keti. Mbona uso umekunjamana kama shati lisilopigwa pasi?"

Rozina akaeleza yote, hata ulezi wa stendi. Akautoa mfuko uliofumuka. Mama Jasmin hakucheka. Aliugeuza, akachungulia pembeni, akavuta nyuzi zilizochomoka.

"Mshono wako haukukatika," akasema.

"Haukukatika?"

"Tazama. Uzi wako wa nailoni mzima kabisa. Kilichochanika ni kitambaa. Uzi ule ni mgumu kuliko kitenge. Umekikata kama waya unavyokata sabuni ya mche. Halafu umeshona pembeni mno. Kitenge kikikatwa, nyuzi za pembeni zinachomoka. Mshono ukiwa pembeni unachomoka nazo."

"Lakini gunia linashika."

"Gunia unalibeba begani, unalikumbatia. Mdomo wake haubebi mzigo, unafunga tu. Mfuko unaning'inia. Uzito wote uko kwenye mikanda na mishono. Wewe ni fundi, Rozina, ila hii ni kazi nyingine."

Rozina akashusha pumzi. Kumbe hakuwa mjinga. Alikuwa hajafundishwa.

Akanyoosha mkono kuchukua mkasi. Mama Jasmin akauweka mbali.

"Taratibu. Mkasi hauna msamaha. Kwanza tujifunze kwenye huu uliofumuka."

Alimpa sindano nyembamba na uzi wa kawaida wa pamba. Rozina alipitisha uzi kwenye tundu mara tatu ndipo ukaingia. Walikata zile pembe zilizochanika, wakanyoosha kitambaa kwa pasi ya mkaa.

"Kilaze uso kwa uso," Mama Jasmin akasema. "Ule upande mzuri wa picha uwe ndani. Utakuja kuugeuza ukimaliza. Acha upana wa kidole kimoja pembeni, piga mstari wa chaki. Huo ndio mstari wa kushona. Usiusogelee ukingo."

Kisha akamwonyesha mshono wa kurudi nyuma. Sindano inashuka, inatokea mbele hatua ndogo. Inarudi nyuma kushuka pale mshono uliopita ulipoishia, inatokea mbele tena. Mishono inafuatana bila nafasi katikati.

"Mdogo kama punje ya mchele," akasema.

Rozina akapiga mishono mitano. Mama Jasmin akatazama.

"Hizo ni punje za mahindi, mama."

"Mkono umezoea."

"Fumua. Uzi haulii."

Alifumua mara mbili. Mara ya tatu, punje zilikuwa za mchele. Siku ya pili ule mfuko uliofumuka ukawa kimfuko kidogo, cha kutia kibaba kimoja tu. Lakini Rozina alipokivuta kwa nguvu zote, hakikufumuka.

"Sasa lete kile cha mwisho," Mama Jasmin akasema.

Kilikuwa na urefu wa mita moja na upana wa nusu mita. Walikifua kwanza, kikakauka, wakakipiga pasi. Wakapima kwa utepe wa kupimia na kukata karatasi ya mfano kutoka gazeti kuukuu: urefu sentimita themanini na nne, upana thelathini na nane. Pembeni ulibaki ukanda mrefu wa kutosha kutengeneza mikanda miwili ya kushikia.

"Karatasi ukiikosea, unachukua nyingine," Mama Jasmin akasema. "Sasa ikunje katikati, uone mfuko wako utakavyokaa."

Rozina akaiweka karatasi juu ya kitenge, akaikunja pamoja na kitambaa. Akatazama kwa muda.

"Mama Jasmin, tukikunja hivi, upande wa huku kanga wamesimama. Upande wa pili wamening'inia miguu juu."

Mama Jasmin akavaa miwani yake. Akatazama. Akapiga makofi.

"Wallahi! Mimi fundi miaka ishirini na mitano, nilikuwa naenda kuwachinja ndege wa watu! Basi tukate vipande viwili, vichwa vyote viwe juu. Tutashona na chini pia."

Rozina ndiye aliyekata. Alipiga mstari wa chaki, mkasi ukaufuata. Akaweka vipande uso kwa uso, akavibana kwa pini. Akashona upande mmoja, akapita chini, akapanda upande wa pili. Mwanzo na mwisho alirudia mishono mitatu juu kwa juu ili isifumuke. Kingo za ndani akazizungushia uzi, zisichomoke. Mdomo wa mfuko akaukunja mara mbili, ukawa na pindo nene.

Mikanda aliikunja mara nne kwa urefu wake, akashona kingo zote mbili. Ncha akaziweka ndani ya pindo, kila ncha upana wa kiganja kutoka pembeni.

"Hapa usipige mstari mmoja," Mama Jasmin akasema. "Hapa ndipo uzito unapovuta. Piga mraba, halafu pitisha mistari miwili katikati, ipishane kutoka kona hadi kona."

Alhamisi mchana Rozina aliugeuza mfuko. Kanga wa mama walitokea wote, vichwa juu, wamesimama kama wanasubiri kumwagiwa pumba.

"Umetoka!" akasema, na machozi yakamlengalenga.

"Bado. Leo utie maharage kilo tano, uuning'inize kwenye msumari mpaka kesho. Mfuko ujaribiwe nyumbani, siyo stendi."

Ijumaa, kabla hata ya kuwasha moto, Rozina alikwenda kutazama. Mfuko ulikuwa palepale ukutani. Alipitisha kidole kwenye mshono wote, upande mmoja, chini, upande wa pili. Hakuna uzi uliochomoka. Hakuna tundu lililofunguka. Alikaa kwenye kigoda chake akacheka peke yake.

"Vipi?" Eustaki akauliza kutoka chumbani.

"Umeshika!"

"Basi kesho sisikii habari za gari kuharibika."

Jumamosi Rozina alipita stendi. Yule kondakta alimtambua.

"Mama ulezi! Leo unapanda nini?"

"Leo napanda gari," Rozina akajibu. "Na mzigo huu siuweki kwenye buti, unakaa na mimi."

Alifika Mwazye mchana, upepo wa Ufipa ukivuma kwa baridi. Kristiana alikuwa amekaa juani na mtoto kifuani. Aliuona mfuko kabla ya kumwona vizuri dada yake. Akanyoosha mkono, akagusa ndege mmoja, halafu mwingine.

"Hiki si kitenge cha mama?"

"Ni chenyewe. Nimekushonea wewe, na huyu Cornelia wako."

"Umekikata, dada? Kwa ajili yangu?"

"Nilikikata mara mbili. Mara ya kwanza nilikiharibu. Jumamosi ile gari halikuharibika, Kristiana. Mfuko wangu ndio uliochanika. Niliona aibu kukwambia."

Kristiana alimtazama, kisha akaanza kucheka. Alicheka mpaka mtoto akaamka.

"Na mimi nilijua umekataa kuja! Wiki nzima sijalala vizuri, kumbe dada yangu anapigana na sindano!"

Akampa dada yake mtoto. Akashika mikanda ya mfuko kwa mikono miwili, akaivuta kwa nguvu, huku na huku. Mfuko haukutoa hata mlio.

"Umeshonwa huu," Kristiana akasema.

Jumapili mfuko ulikwenda kanisani, umejaa nguo za mtoto, shali na chupa ya chai. Rozina alirudi Sumbawanga na kile kimfuko kidogo cha majaribio. Sasa kinaning'inia kwenye mkanda wa nguo yake pale sokoni, na ndani yake anaweka sindano mbili. Moja ni shazia ya magunia. Nyingine ni nyembamba, ya kitenge. Wanawake wenzake wakimuuliza alikonunua kimfuko hicho, huwaambia wakae chini, kisha huwauliza kama wamekuja na chaki.