Saa Nne za Benchi

Kifupishi kilimeza saa nne za benchi la zahanati, kikatema dakika tisa. Ndiyo kazi yake. Kamera zote za jiji zinaulisha mtambo huo, nao unafuta kila mahali ambapo "hakuna tukio", ili wakubwa watazame mji mzima kabla chai haijapoa. Mtu kukaa tu akiumwa, kwa Kifupishi hilo si tukio.

Ndiyo maana rekodi ya Sikudhani ilisema: amefika, amesubiri dakika tisa, ameitwa, amefariki.

Mumewe Mloka, fundi bomba, hakukubali. Siku ile kazini walikuwa wamempa zamu ya lazima, anazibua mabomba ya bustani ya hao hao wakubwa. Alipoomba picha nzima, kwenye ofisi ya Kifupishi walitazamana, wakamwambia haipo.

Ilikuwapo. Alikuwa nayo Redempta, mtengeneza filamu ambaye mtaa mzima humcheka. Huweka kamera ya zamani, isiyonasa sauti, mbele ya kitu kimoja: ukuta, ndoo, benchi. Anaiacha itazame mpaka jua lizame. Hasogezi. Hakati.

"Nitajuaje kama wewe si mtu wao?" Mloka alimuuliza, bado kasimama mlangoni kwake.

"Mzee wangu, ningekuwa mtu wao si ningekuwa hata na feni?"

"Ndivyo mnavyojificha."

"Basi kaa uitazame. Sitaruka hata dakika moja."

Akakaa. Redempta akawasha projekta, Sikudhani akatokea ukutani, kanga ya njano, mkono tumboni. Mloka alitabasamu alipomwona akijisogeza kumpisha mwenzake, tabia yake ileile. Saa ya pili roboti wa mapokezi alipita mara tano, akiondoka na wengine.

"Umeona? Hawakumwita! Dakika tisa, eti! Waongo wakubwa!"

"Peleka barazani, mzee. Huo ni ushahidi."

Saa ya tatu jua la jioni liliingia kwa mlango wa zahanati, likalaza kivuli sakafuni. Miguu mitatu ya kamera. Kando yake, mtu ameketi kwenye kigoda.

Mloka akausogelea ukuta.

Sikudhani alijikunja. Akainua uso, akatazama moja kwa moja kwenye kamera, midomo ikacheza. Kivuli kiliinua kikombe, kikanywa, kikakishusha.

"Huyo nani?"

"Sheria yangu sigusi kitu, mzee. Nikigusa, si kweli tena."

"Alikuambia nini?"

"Aliomba nimwitie mhudumu."

Kwenye ukuta kivuli kilizidi kurefuka, hakiinuki, mpaka kikafika miguuni pa Sikudhani. Ndala moja ikamdondoka.

Redempta akanyoosha mkono azime.

"Acha," Mloka akasema. "Si wewe hukati? Iache iende."