Ndama Aliyekataa Maji ya Maldivi

Kila asubuhi kabla ya kwenda shule, Kabula alisaidiana na mama yake kuteka maji kisimani, kisha akawanywesha ndama wa baba yake kwenye hori la mbao. Ndama walikuwa kumi na wanne, na kila mmoja alikuwa na jina. Mwaka huo wa 1996 kiangazi kilikuwa kikali pale kijijini Kakese, na kisimani watu waliteka kwa zamu.

Kwa sababu alikulia kwenye mifugo, Kabula alipima ukubwa wa kila kitu kwa ng'ombe. Uwanja wa kanisa ulitosha ng'ombe themanini. Darasa lao la sita lilitosha kumi na wawili, tena wakibanana. Kitu kisichotosha hata ng'ombe mmoja, Kabula hakuona kwa nini kiliumbwa.

Siku moja Mwalimu Makarius aliingia darasani na vikaratasi ndani ya kofia yake. Kila kikaratasi kiliandikwa jina la nchi ya visiwa vya baharini. Wanafunzi wangeokota wawili wawili, wasome habari za nchi hiyo, kisha waieleze mbele ya darasa. Jozi ambayo ingefanya vizuri kuliko zote ingekwenda Mpanda mjini kushindana na shule nyingine.

Kabula alitamani sana kwenda. Hakuwahi kusimama mbele ya watu wa mjini, na alijua sauti yake ilikuwa kubwa kuliko ya wote. Alikaa na Josefina, binti wa wakulima wa mpunga waliotoka Mpimbwe. Josefina aliingiza mkono ndani ya kofia, akatoa kikaratasi.

"Maldivi," akasoma.

Walitafuta kwenye ramani ya ukutani mpaka macho yakawauma. Mwishowe waliona vitone vichache katikati ya bahari, kusini mwa India.

"Mwalimu, hii si nchi," Kabula alisema kwa sauti. "Hapa nzi amejisaidia!"

Darasa zima liliangua kicheko.

"Wenzetu wana Madagaska, nchi ya maana," aliendelea kumnong'oneza Josefina. "Wengine wana Komoro, angalau kuna mlima unaotoa moto. Sisi tumepewa makombo. Ng'ombe wa baba wakiingia hapo, wa mbele wataanguka baharini kabla wa nyuma hawajafika."

"Tusome kwanza," alisema Josefina.

"Tusome nini? Vumbi?"

Mwalimu alimkabidhi Kabula kitabu pekee cha shule chenye habari za visiwa. Alikipeleka nyumbani, na siku hiyo hiyo kikapata kazi: kilifunika sufuria ya maziwa ili nzi wasiingie. Jumamosi Josefina aliazima baiskeli ya kaka yake, akaenda mpaka maktaba ya parokia mjini. Alirudi amejaa vumbi mpaka kwenye kope, na daftari lake lilikuwa na kurasa nane zilizojaa maandishi. Kabula alilipokea, akalipima uzito mkononi kama mtu anayepima muhogo, akamrudishia bila kulifungua.

"Wewe utasema habari za watu na historia," alimwambia. "Mimi nitasema habari za maji na mifugo. Hayo sihitaji kufundishwa."

Siku ya kujaribu mbele ya darasa ilipofika, Kabula alisimama wa kwanza, kidevu juu.

"Watu wa Maldivi ni wavivu," alianza. "Wamezungukwa na maji pande zote, kwa hiyo hawajui zamu ya kisima. Mtu anatoka mlangoni, anachota, anakunywa. Ng'ombe wao wanakunywa hapo hapo, tena maji yenye chumvi. Sisi tunanunua chumvi ya ng'ombe kwa magunia, wao wanaipata bure. Lakini hata ng'ombe hawawezi kufuga vizuri, maana nchi yenyewe ni kama ua wa kuku."

Watoto wa wafugaji walipiga makofi. Josefina alimvuta sketi, lakini hakusikia.

"Maneno hayo umeyasoma wapi?" Mwalimu Makarius aliuliza.

"Kwenye kitabu, mwalimu," Kabula alijibu bila kupepesa. "Ukurasa wa hamsini na mbili."

"Josefina, na wewe umesoma hivyo?"

Josefina alitazama sakafu. "Mimi nimeandika vingine, mwalimu."

"Basi kesho mje na kitabu. Anayedanganya hatakwenda Mpanda."

Njiani kurudi nyumbani, Josefina alishindwa kuvumilia. "Nimeendesha baiskeli kutwa nzima, halafu wewe unatunga tu! Maji ya bahari hayanyweki, Kabula. Watu wa kule wanakinga maji ya mvua kwenye matangi."

"Nyie watu wa mpunga mnajua nini? Mimi nimezaliwa kando ya Ziwa Viktoria. Ng'ombe walikuwa wanakunywa pale ufukweni, na watu wa visiwani wanachota ziwani kila siku."

"Hilo ni ziwa. Bahari ina chumvi, karibu vijiko viwili vya chakula kwa kila lita."

"Vijiko viwili tu? Ng'ombe anapenda chumvi kuliko wewe unavyopenda wali!"

"Basi wanyweshe ndama wako."

"Twende ukaone!"

Jua lilikuwa bado juu walipofika. Mama yake alikuwa ameacha ndoo moja ya lita ishirini, maji ya jioni ya ndama. Kabula aliimimina yote kwenye hori. Alifungua gunia la chumvi, akahesabu vijiko arobaini, akakoroga. Mkono ulianza kusita alipofika kijiko cha thelathini, lakini Josefina alikuwa anamtazama.

Ndama wa kwanza, Mabaka, alikuja mbio. Alilamba mara moja, akainua masikio kwa furaha. Alitumbukiza mdomo wote, kisha akarudi nyuma kwa kishindo, akapiga chafya, akalia.

"Huyu ana maringo," Kabula alisema. Alichukua kikombe, akachota, akanywa. Funda la kwanza lilipita. La pili likakwama. La tatu lilitokea puani, na Kabula akainama nyuma ya zizi akitapika mpaka machozi yakamtoka.

Alipoinua kichwa, ndama wote kumi na wanne walikuwa wamezunguka hori wakilia kwa kiu. Na baba yake, Mzee Malale, alikuwa amesimama mlangoni mwa zizi.

"Nani ameharibu maji?"

Kabula alitazama gunia, kisha Josefina. Uongo ulikuwa tayari, ungetoka kirahisi kama ule wa ukurasa wa hamsini na mbili. Lakini kinywa chake kilikuwa bado kinawaka chumvi.

"Ni mimi, baba," alisema. Akamweleza yote, hata habari za kitabu na sufuria ya maziwa.

Mzee Malale aliinua ndoo, akaikuta tupu. Zamu yao ya kisima ilikuwa imepita.

"Shikamoo, mzee," Josefina alisema taratibu. "Zamu yetu sisi ni jioni hii. Nitamwomba mama awape ndoo mbili."

Aliomba, na mama yake akakubali. Ndama walikunywa.

Asubuhi Kabula alipeleka kitabu shuleni. Jalada lilikuwa na duara kubwa la maziwa yaliyokauka. Alisimama mbele ya darasa, akasema kwamba hakukifungua na kwamba alidanganya.

"Josefina hakudanganya, mwalimu. Aende yeye. Mimi nitabaki."

"Utabaki," alisema Mwalimu Makarius. "Na utakisoma."

Jioni ile Kabula alisoma. Alijifunza kwamba nchi ile ina visiwa zaidi ya elfu moja, kwamba wavuvi wake huchemsha samaki aitwaye jodari na kumkausha asioze, na kwamba zamani kauri za kule, yale makombe madogo ya baharini, zilivuka bahari mpaka Afrika na kutumika kama fedha. Aliinuka, akatoa sandukuni mkanda wa bibi yake, ule wa kuchezea ngoma, uliopambwa kwa kauri nyeupe.

Josefina alikwenda Mpanda na mkanda huo, pamoja na chupa moja ya maji ya chumvi. Mgeni rasmi aliyaonja maji, akakunja uso, ukumbi mzima ukacheka. Josefina alirudi na zawadi ya pili, atlasi mpya, akaja nayo moja kwa moja kwa kina Kabula.

Mzee Malale aligeuza mkanda mikononi. "Sijui kama hizi zilitoka visiwa vile au pwani yetu," alisema. "Lakini nakumbuka tulivyofika hapa Kakese. Kuna watu walitutazama wakaona mavi ya ng'ombe tu. Hawakutuuliza tunajua nini. Mwanangu, ukishamdharau mtu huoni tena haja ya kumjua, na usipomjua, unabaki kumtungia uongo. Sasa niambie, hiyo Maldivi inatosha ng'ombe wangapi?"

Kabula alifungua atlasi, akaweka kidole kando ya vile vitone, taratibu, asije akavifunika.

"Sijui, baba," alisema. "Bado naisoma."